Picha Ambayo Haikupigwa

Je, msomaji, waweza kukumbuka jambo lililotukia kabla hujazaliwa? Bila shaka utajibu kuwa haiwezekani. Walakini Rea Tajiri, mtengenezaji wa sinema aliyezaliwa Chicago mwaka 1958, alikua na picha moja moyoni mwake: mwanamke kijana jangwani, akijaza chupa maji penye bomba. Mwanamke huyo alikuwa mama yake. Hata hivyo kisa hicho hakupata kusimuliwa, wala picha ya namna hiyo haikuwamo nyumbani mwao.

Ili upate kuelewa, rudi nami nyuma kidogo. Tarehe 7 Desemba 1941 ndege za Japani ziliishambulia bandari ya Pearl Harbor. Mwezi wa Februari 1942 Rais Roosevelt alitia sahihi amri, na kwa amri hiyo watu wapatao 120,000 wa asili ya Kijapani waliondolewa pwani ya magharibi ya Marekani, wakafungiwa kambini. Theluthi mbili yao walikuwa raia kwa kuzaliwa. Hapana mahakama iliyowatia hatiani. Mama yake Rea alipelekwa Poston, katika jangwa la Arizona; baba yake naye alikuwa askari wa jeshi la nchi ile ile iliyowafungia jamaa zake.

Sasa angalia ni nani aliyekuwa na kamera. Mwanzoni wafungwa walikatazwa kuwa nazo. Serikali ilikuwa nazo, ikatengeneza sinema yenye kuonyesha watu wakihama kwa utulivu, kana kwamba wamejitakia safari. Basi historia ya macho ikabaki mikononi mwa mfungaji. Nyumbani kwa waliofungwa palitawala kimya. Rea alipomwuliza mama yake habari za kambi, alijibiwa kuwa amesahau. Nami naona kusahau kwa namna hiyo si udhaifu wa akili: pengine mtu husahau ili apate kuishi.

Mwaka 1991 Rea alitoa sinema yake, *History and Memory*, ya dakika 32. Usitazamie humo masimulizi yaliyonyoka. Sinema za serikali na za Hollywood zimekatwa vipande vipande, maandishi yapita juu ya picha, na sauti ya mama yasikika ikisitasita. Kuna ndege mdogo wa mti, aliyechongwa na bibi yake kambini na kuhifadhiwa na mama miaka mingi. Na katika nyaraka za taifa Rea alimkuta bibi huyo pichani, ameketi darasani akijifunza kuchonga.

Lakini picha ya bomba haikupatikana mahali popote. Rea akaenda Poston, akaitengeneza mwenyewe: alijifanya mama yake, akasimama kwenye jua kali, akafungulia maji, akajaza chupa, akanawa uso.