Amri ya Matunzo Haikuanza Jana

Pale Junda, kaa maskani jioni saa ya muguka, hutakosa mtu wa kukwambia eti hizi amri za matunzo ni mambo mapya, yameletwa na Katiba ya 2010 na wanawake wa siku hizi. Mabraza, hapana. Hii vita ina umri kumshinda babangu.

Mwaka 1959, tukiwa bado chini ya Mwingereza, ilipitishwa sheria iliyoitwa Affiliation Act. Mwanamke aliyezaa bila ndoa aliweza kwenda kwa hakimu, na akithibitisha baba ni nani, huyo baba anaamriwa kutoa pesa za mtoto. Wanaume walilalamika vibaya sana. Eti wasichana wamegeuza mimba biashara, eti ni sheria ya kizungu. Maneno ya maskani kabisa, sivyo? Tofauti ni kwamba wale walikuwa na Bunge. Juni 1969 wabunge, wote wanaume, waliifuta. Grace Onyango, mwanamke wa kwanza kuchaguliwa mbunge Kenya, aliingia mwishoni mwa mwaka huo huo. Alikuta imeshakwenda.

Hilo ndilo pingamizi kubwa kuliko yote dhidi ya amri za matunzo nchini. Hawakusema pesa ni nyingi mno, walifunga mlango wenyewe. Mzigo ukabaki kwa mama, na mama akishindwa, kwa nyanya.

Kwetu Pwani kulikuwa na kadhi pia. Susan Hirsch, mtafiti Mmarekani aliyefuatilia kesi hizo miaka ya 80, alichapisha kitabu 1998 akionyesha kwamba wengi wanaoshtaki kwa kadhi ni wanawake, na mara nyingi wanashinda. Lakini hayo ni ya mke na mume. Mtoto wa nje ya ndoa, kwa fiqhi ya kawaida, hanasibishwi na baba.

Hata Sheria ya Watoto ya 2001 ilimuachia mama jukumu kwanza kama hawajaoana. Baba aliingia kwa amri ya korti, au kwa makubaliano, au kwa kuwa mwenyewe alishamkubali mtoto. Ni ibara ya 53 ya Katiba iliyosema wazazi wote wawili wanawajibika sawa, wameoana au hawakuoana. Sheria ya Watoto ya 2022 ikalirudia hilo.

Kwa hivyo ukipata karatasi kutoka korti ya watoto ya Tononoka, hoja ya "mimi sikumuoa" ishakufa. Unaweza kupinga kwamba mtoto si wako, na hapo kuna DNA. Ama unapinga kiwango.

Na kiwango kina haki ya kupingwa, hapa siwaungi mkono wale wanaosema kila baba anayelalamika ni mkwepaji. Amri ya muda hutolewa mapema, kesi haijasikizwa yote. Mtu wa bodaboda ya mkopo, leo amepata, kesho mvua, anaweza kuandikiwa hesabu ya mtu wa mshahara kwa sababu yeye hakuleta karatasi yoyote. Kesi zinaburuta, na hiyo "muda" inaweza kuwa miaka.

Mimi niliacha chuo mwaka wa pili na sikuwa nasoma sheria, lakini hili halihitaji digrii: kunyamaza si kupinga. Usipolipa, deni linajikusanya, unaitwa ueleze kwa nini usifungwe, na kifungo cha madai kipo kweli. Kukata rufaa Mahakama Kuu peke yake hakusimamishi amri, lazima uombe isimamishwe. Njia ya karibu zaidi ni kurudi korti ile ile, uape mapato yako, uombe kiwango kibadilishwe. Huku ukilipa unachoweza, kwa M-Pesa, sio mkononi.

Kuna wengine, na tunawajua, matatu iko kwa jina la ndugu, wanaapa hawana hata shilingi. Hao ndio wanaomharibia yule wa bodaboda, maana hakimu ameshausikia wimbo huo mara nyingi.

Wabunge wa 1969 hawakulazimika kuonyesha mfuko wa mtu yeyote. Wewe utapanda matatu, uvuke Nyali Bridge, uingie Tononoka na staitimenti ya miezi sita. Mama wa mtoto atakuwa kwenye benchi hilo hilo, na risiti za shule.