Jiwe Lisilo na Masharti: Wakanda katika Vibanda vya Namuwongo

Kibanda cha video cha Namuwongo, mtaa wa Kampala, hukisikia kwanza, ndipo ukakiona. Spika imetundikwa juu ya mlango, na humo sauti ya VJ, mfasiri wa filamu, inaielezea filamu kwa Kiganda, huku waigizaji wenyewe wakinong'ona kwa mbali chini yake. Ndani kuna mabenchi ya mbao, turubai la kuzuia jua, na jasho. Si bure Watanzania wameviita vibandaumiza. Reli iko hatua chache tu. Treni ikipita mabati hutetemeka, na VJ, ambaye sauti yake imekwisha kurekodiwa, hawezi kuingoja.

Humo ndimo ningependa tuitazame Black Panther, filamu ya Ryan Coogler ya mwaka 2018. Sababu mojawapo ni ya ujirani: baadhi ya mandhari ya Wakanda, nchi ya kubuni ya filamu hiyo, yalipigwa picha kutoka angani juu ya msitu wa Bwindi na milima ya Rwenzori, na Florence Kasumba, anayemcheza mhusika Ayo, alizaliwa Kampala. Lakini kinachonivuta zaidi ni jiwe lenyewe. Wakanda ilibuniwa na Stan Lee na Jack Kirby mwaka 1966, na nguvu zake zote zinatokana na vibranium, madini yaliyoletwa na kimondo. Yanameza mshindo, yanaponya majeraha, yanaendesha treni na kutia rutuba ua linalompa mfalme nguvu. Mtazamaji wa Namuwongo hashangazwi na maajabu hayo. Naamini kinachopaswa kumshangaza ni kwamba jiwe hili halidai kitu.

Fikiria kazi ya VJ. Neno vibranium halina Kiganda chake, kwa hiyo ana njia tatu. Anaweza kusema *ekyuma*, chuma, na maajabu yakapotea. Anaweza kusema *ejjinja*, jiwe, akawa salama. Au aseme *ejjembe*. Msomaji wa Kiswahili asidhani ni jembe la kulimia: hii ni pembe iliyojazwa dawa na kukaliwa na roho, nayo humletea mwenyewe mali, kinga au kisasi. Ndiyo tafsiri iliyo karibu zaidi na hadhi ya vibranium katika hadithi, na ndiyo inayoiharibu hadithi, kwa kuwa kila Mganda anajua kwamba mayembe hulishwa. Yana miiko, yanataka damu au pombe, na aliyeyasahau humgeukia yeye na wanawe.

Pwani nako mambo ni yaleyale kwa sura nyingine. Pete ya akiki kidoleni mwa mzee inaweza kuwa pambo au sunna tu, lakini pete ya jini ni mkataba. Mwenye nayo hufukiza ubani siku zilizotajwa, hujizuia na vyakula fulani, hafungui mdomo kusimulia. Kiswahili kina neno moja kwa yote hayo: masharti. Mganga asiye na masharti hana wateja.

Siyasifu masharti. Kuanzia miaka ya 2007 na 2008, mauaji ya watu wenye ualbino katika Kanda ya Ziwa nchini Tanzania yalihusishwa na waganga waliowaahidi wachimbaji wa dhahabu na wavuvi utajiri wa haraka. Hapo sharti lilikuwa mwili wa jirani. Mtu akisema ni heri jiwe la Wakanda, lisilomla mtu, sina haraka ya kumbishia. Ninachosema ni kwamba fikra ya deni, hata inapopotoka kiasi hicho, inajua jambo ambalo filamu hailijui: mali itokayo ardhini hulipiwa, na swali ni nani analipa.

Tutazame jiwe la kweli. Tanzanite ilijulikana mwaka 1967 huko Mirerani, kaskazini mwa Tanzania, mwaka mmoja baada ya Wakanda kuchapwa. Kwa kawaida hutoka ardhini ikiwa na rangi ya kahawia. Moto ndio unaoipa ule ubuluu. Jina ilipewa na kampuni ya Tiffany ya New York, iliyoona kwamba zoisite, jina la wanajiolojia, linakaribiana mno kwa sauti na neno la Kiingereza la kujiua. Basi rangi ni ya tanuri, jina ni la duka. Mashimoni waliingia wachimbaji waitwao wanaapolo, na watoto walioitwa nyoka kwa namna walivyojipenyeza kwenye mianya. Mafuriko ya mwaka 1998 na ya 2008 yaliwaua makumi ya wachimbaji. Mwaka 2018 serikali iliyazungushia machimbo ukuta wa kilomita 24 hivi. Mwaka 2020 mchimbaji mdogo Saniniu Laizer aliiuzia serikali mawe mawili, la kilo 9.27 na la kilo 5.1, kwa shilingi bilioni 7.74. Akiwa bado mbele ya waandishi wa habari alizungumzia ng'ombe wa kuchinja na shule ya kujengea jamii yake. Hakuna aliyehitaji kumfundisha kwamba jiwe hudai.

Nitaambiwa kwamba filamu inalijua deni: Killmonger, mpinzani wa mfalme, anauliza Wawakanda walikuwa wapi ndugu zao walipokuwa wakiteseka ng'ambo, na mwishoni mfalme T'Challa anafungua milango. Ni kweli, na ndipo filamu inapokuwa na uzito. Ila hilo ni deni la watu kwa watu, tena la hiari. Mfalme anaweza kulilipa au kuliahirisha. Mlima wa vibranium wenyewe haukauki, hauporomoki, haumfukii mchimbaji. Wachimbaji wake hata hatuwafahamu. Mjini Kampala, ambako wachimbaji wadogo wa dhahabu wa Mubende walisikika kwenye habari walipofukuzwa mwaka 2017, na huku Namuwongo, ambako nyumba zilizokuwa kandokando ya reli zilivunjwa mwaka 2014, ukimya huo unasikika.

Ndiyo maana ningependa VJ athubutu kusema *ejjembe*. Sioni kosa la tafsiri hapo. Mfalme angeingia mgodini na suti yake inayong'aa, na kutoka benchi la nyuma mtu angeuliza kwa sauti: linakula nini hilo? Filamu ingeendelea bila kujibu.