"Naai" na "Amina": Jinsia ya Kisarufi na Kiitikio katika Dua ya Wazee wa Waarusha

1.0 Utangulizi

Dua ya wazee wa Waarusha si wimbo kamili, wala si maombi ya mtu mmoja. Mzee hutamka ombi fupi kwa mahadhi, na waliokusanyika huitikia kwa pamoja, "Naai", neno lenye jina la Enkai ndani yake. Ombi jingine hufuata, kisha kiitikio kilekile. Anayeifasiri dua hii kwa Kiswahili hushawishika kukiacha kiitikio, kwa kuwa hakionekani kuongeza habari mpya. Makala haya yanadai kwamba kiitikio hicho, pamoja na sarufi ya jina la Mungu, ndicho kinachobeba maana kuu ya dua.

2.0 Usuli wa Kihistoria

Waarusha walifika kwenye miteremko ya kusini-magharibi ya Mlima Meru mnamo miaka ya 1830, wakitokea Arusha Chini. Ni wakulima, lakini lugha yao ni Kimaa na mfumo wao wa rika unafanana na wa Wamaasai. Majirani zao Wameru husema Kirwa, lugha ya Kibantu iliyo karibu na Kichaga. Mwaka 1896 wamisionari wawili wa Leipzig, Ovir na Segebrock, waliuawa Akeri. Misheni ilirejea Nkoaranga mwaka 1902, na mwaka 1904 ikaanzishwa Ilboru, katikati ya Waarusha. Tangu hapo jina Enkai likawa na makao mawili: baraka za wazee na mahubiri ya kanisa. Kadiri mji ulivyokua, Kiswahili kikaongeza jina la tatu, Mungu.

3.0 Jinsia ya Jina

Nomino za Kimaa zina jinsia: kiambishi *ol-* ni cha kiume, *en-* ni cha kike. Enkai ni nomino ya kike, na humaanisha pia mbingu na mvua. Sifa zake hupatana nayo: Enkai Narok, Mungu mweusi wa rehema, na Enkai Nanyokie, Mungu mwekundu wa ghadhabu. Kiambishi *na-* ni alama ya upatanisho wa kike. Mlima wa Namanga, ambao ni nomino ya kiume, huitwa Oldoinyo Orok. Upatanisho wa Mungu katika Kiswahili hauonyeshi jinsia, na neno "mweusi" peke yake halimletei msomaji picha ya wingu la mvua.

Sifa hizo hazikupotea kabisa katika mazingira ya Meru. Ngarenaro, kata ya Jiji la Arusha, imetokana na *Enkare Narok*, maji meusi. Ngarenanyuki, jina lililofika Umoja wa Mataifa mwaka 1952 katika shauri la ardhi la Wameru, limetokana na *Enkare Nanyokie*, maji mekundu. Mkazi wa mjini hutamka kila siku vivumishi vya dua, pamoja na upatanisho wake wa kike, bila kujua.

4.0 Kiitikio na Mamlaka

Mulokozi (1989) anasisitiza kwamba fasihi simulizi haitenganishwi na fanani, hadhira na tukio. Katika dua hii hadhira ni mshiriki wa utamkaji. Gulliver (1963) alionyesha kwamba migogoro ya Waarusha ilimalizwa kwa majadiliano na makubaliano barazani, si kwa amri ya hakimu. Muundo wa dua unalingana na siasa hiyo: mzee hutangulia, lakini hatoi baraka peke yake.

Dua inapohamia Kiswahili, nafasi ya "Naai" huchukuliwa na "Amina". Kwa sikio, muundo umebaki uleule. Kwa maana, kuna badiliko. "Amina" huthibitisha neno la aliyetangulia. "Naai" humwita Enkai mwenyewe. Katika dua ya Kimaa kila mwitikiaji ni mwombaji; katika ile ya Kiswahili amekuwa shahidi wa ombi la mwingine.

5.0 Hitimisho

Tafsiri yenye maneno ya kiongozi pekee huhifadhi maudhui ya maombi na kupoteza mgawanyo wa mamlaka uliomo ndani yake. Wanaokusanya dua za eneo la Meru hawana budi kuandika kila kiitikio mahali pake, kuonyesha upatanisho wa jinsia katika ufafanuzi wa mofimu, na kueleza nani aliitikia. Bila hayo, tendo la jamii nzima litasomwa kama shairi la mzee mmoja.