Taashira: maji ya Ngarambe na nguzo ya Patata

Mwaka 1905, habari zilizoshuka kutoka Uluguru hadi Uzaramo zilisema kwamba Kolelo, mzimu wa pangoni ambaye watu walimwendea kuomba mvua na mavuno, amekataza kodi ya Wajerumani. Kusini, Ngarambe, Kinjeketile Ngwale aligawa maji ya kuzuia risasi. Wajerumani walimnyonga Agosti, lakini dawa ilikuwa imeshasambaa. Tarehe 30 mwezi huohuo wapiganaji walilivamia boma la Mahenge, leo mkoani Morogoro, wakapokewa kwa bombomu. Wapo wanahistoria wanaokadiria kuwa vita vya Majimaji, pamoja na njaa iliyofuata, viliua watu hadi 300,000.

Wafu wote hao mtunzi atawaweka wapi jukwaani?

Hapo ndipo inapohitajika taashira: kitu kinachoonekana, kilichobebeshwa jambo kubwa kukizidi chenyewe. Tamthilia iliyojengwa juu yake ni tamthilia ya kiishara. Wengi huichanganya taashira na fumbo. Fumbo likifumbuliwa limekwisha. Taashira hubaki na maana zake, hata zile zinazogombana.

Ebrahim Hussein, katika Kinjeketile (1969), alichagua maji. Mchezo unaanza na wanawake wenye njaa, waume zao wakifanyishwa kazi shambani kwa Mjerumani. Mateso yameshafika nyumbani kabla ya bunduki. Kisha maji yanawaunganisha watu waliokuwa wakidharauliana kwa ukabila, na maji hayohayo yanawapeleka mbele ya risasi. Mwalimu anayefundisha kwamba maji ni umoja, basi, amefundisha nusu, tena ile nusu isiyouma.

Penina Muhando, mzaliwa wa Berega, Kilosa, alishika njia nyingine katika Nguzo Mama (1982). Wanawake wa kijiji cha Patata wanahangaika kusimamisha nguzo. Hata majina hawana: ni Bi Moja, Bi Pili, hadi Bi Nane. Shida za nyumbani zinawavuta mmoja mmoja, yumo hata mjane anayeporwa mali na ndugu wa marehemu, na nguzo haisimami. Ukatili huu hauna mkoloni wa kusingiziwa, na kwa maoni ya makala hii ndiyo sababu unachoma zaidi.

Shule itakayouigiza mchezo huu isitengeneze nguzo ya maboksi yaliyopakwa rangi. Itafute gogo zito kweli, waigizaji walinyanyue hadi watoke jasho, na watazamaji walione likianguka.