Ua la Bukini katika wodi ya Lilongwe

Mbele ya nyumba za tofali pale Dzaleka, kambi ya wakimbizi wilayani Dowa, Malawi, utakuta mmea usiozidi goti, wenye ua la waridi au jeupe, petali tano na jicho jekundu katikati. Kwa wauza miche ni vinka. Unavumilia kiangazi, haudai mbolea, na ukivunja kitawi unatoka utomvu mweupe, mchungu kama shubiri.

Kwao ni kwenye mchanga na vichaka vya Madagaska, kisiwa ambacho wazee wa pwani yetu walikiita Bukini. Jenasi yake ina spishi 8, na 7 kati yake hazina kwao kwingine duniani ila kisiwa hicho. Huu mmoja ndio uliosafiri. Katika miaka ya 1750 mbegu zilitoka Paris zikafika London kwa Philip Miller, mtunza bustani ya dawa ya Chelsea, na mwaka 1759 mtaalamu wa mimea Linnaeus akaupa jina la kitaalamu. Kufikia karne ya 20 ulikuwa umeshaota Jamaika, India, Ufilipino na Afrika yetu, na pengi ulipofika watu walichemsha majani yake kutibu kisukari.

Chai hiyo ndiyo iliyofungua mlango. Mwaka 1952 daktari wa Kanada, Clark Noble, alipokea kutoka Jamaika bahasha yenye majani 25. Akampa ndugu yake Robert, mtafiti katika Chuo Kikuu cha Western Ontario. Panya walinyweshwa maji ya majani hayo, lakini sukari haikushuka. Walipodungwa mshipani walikufa baada ya siku chache kwa maambukizi, maana chembe nyeupe za damu zilikuwa zimeporomoka. Robert alitambua maana yake: kitu kinachozizuia chembe hizo kuongezeka kinaweza kuizuia saratani ya damu. Akiwa na mkemia Charles Beer, alitangaza dawa ya vinblastini mwaka 1958. Kampuni ya Eli Lilly ya Indianapolis nayo ilikuwa ikiufukuzia mmea huo huo, na mwaka 1963 dawa yake, vinkristini, ikaidhinishwa Marekani.

Wakati huo huo, huku kwetu, daktari wa upasuaji wa Mulago, Kampala, Denis Burkitt, alikuwa akihangaika na watoto waliovimba mataya. Aliandika juu ya uvimbe huo, ambao ni saratani, mwaka 1958. Mwishoni mwa 1961 yeye na wenzake wawili walipanda gari kuukuu wakasafiri takriban kilomita 16,000 hadi Afrika Kusini na kurudi, wakipita Tanganyika na Nyasaland, Malawi ya leo, wakiuliza hospitali hadi hospitali ni wapi ugonjwa huo unaonekana. Jibu lilikuwa nyanda zenye joto, mvua na malaria. Katika miaka iliyofuata Burkitt aliwatibu watoto wa Uganda kwa vinkristini, na matokeo akayachapisha mwaka 1966.

Hadi leo saratani hiyo ndiyo inayoongoza miongoni mwa watoto wa Malawi. Kambi ya Dzaleka ilifunguliwa mwaka 1994 mahali palipokuwa gereza enzi za Rais Kamuzu Banda, na leo ina zaidi ya watu 50,000, wengi wao Wakongomani, Warundi na Wanyarwanda. Mgonjwa aliyeishinda zahanati ya kambi hupelekwa Dowa au Hospitali Kuu ya Kamuzu, Lilongwe. Huko vinkristini huja katika kichupa kidogo, kimiminika kisicho na rangi kama maji, na mtoto hapewi zaidi ya miligramu 2 kwa mara moja. Inadungwa mshipani tu. Ikiingia kwenye uti wa mgongo inaua. Kwa hiyo, wazazi wangu, majani ya uani yasichemshwe. Sumu ni ile ile, ila kipimo hakuna anayekijua. Mtoto aliyevimba taya apelekwe hospitali mara moja.

Kinachoniuma ni hesabu ya faida. Tani kadhaa za majani makavu hutoa gramu chache tu za vinkristini, na miaka mingi majani hayo yalichumwa na wanakijiji wa kusini mwa Madagaska kwa malipo kidogo, huku faida ya hataza ikibaki ng'ambo. Mkataba wa Bioanuwai, unaotaka nchi yenye mmea ipate fungu lake, ulikuja mwaka 1992, wakati dawa ilikwisha kuuzwa kwa karibu miaka 30. Vichaka vyenyewe vya kusini vinaendelea kukatwa kwa mkaa na mashamba, pamoja na ndugu wa vinka ambao hakuna aliyewachunguza vya kutosha.

Mwaka 2019, kampuni ya Teva ilipoacha kuitengeneza vinkristini, hata hospitali za Marekani zilihangaika, zikibaki na muuzaji mmoja, Pfizer. Mwaka 2022 watafiti wakafanikiwa kuifundisha hamira kutengeneza viungo viwili vinavyounganishwa kupata vinblastini. Kiwanda cha hamira bado hakijachukua nafasi ya shamba.