Sembène na Herufi Moja: Mwandishi wa Filamu Katika Enzi ya Uhuru

Mwalimu na mtahiniwa, mnapojadili swala la lugha na hadhira, mkumbukeni Ousmane Sembène wa Senegal (1923-2007). Alikuwa kuli bandarini Marseille kabla ya kutunga riwaya kwa Kifaransa. Nchi yake ilipopata uhuru mwaka wa 1960, alitambua kwamba wavujajasho aliowaandikia hawakuweza kumsoma. Basi akaenda Moscow kujifunza filamu. Mwaka wa 1963 akatoa Borom Sarret, kisa cha mwenye mkokoteni jijini Dakar. Mwaka wa 1968 akatoa Mandabi, ambayo wahusika wake walisema Kiwolofu.

Je, uhuru wa nchi ulimpa uhuru wa kusema? La. Ceddo (1977) ilipigwa marufuku nyumbani. Serikali ya Rais Senghor, mshairi mwenyewe, ilidai neno hilo liandikwe kwa "d" moja, Sembène akakataa. Wengi waliona tahajia kuwa kisingizio, kwani filamu ilichokonoa dini na mamlaka.

Mtahiniwa, ukiulizwa jinsi jamii inavyoathiri utanzu, toa hoja hii: hadhira isiyojua kusoma ilimbadilishia mwandishi utanzu, na herufi moja ikatosha kumgonganisha na dola.