Abe Kobo na Shimo la Mchanga

Abe Kobo alihitimu udaktari katika Chuo Kikuu cha Tokyo mwaka 1948, lakini hakupata kuifanya kazi hiyo. Alizaliwa Tokyo mwaka 1924 na kukulia Mukden, huko Manchuria iliyokuwa mikononi mwa Wajapani, ambako baba yake alikuwa tabibu. Vita vilipokwisha alirudi Japani akiwa kama mgeni kwao. Mwaka 1951 alitwaa Tuzo ya Akutagawa, inayotolewa kwa waandishi wanaochipukia, kwa hadithi ya mtu anayeamka asubuhi na kukuta jina lake limemtoroka.

Filamu aliianza mapema. Alimwandikia mwongozaji Kobayashi Masaki kisa cha askari wa Kijapani waliofungwa kwa makosa ya kivita. Filamu hiyo ilikamilika mwaka 1953, ila kampuni ikaificha hadi 1956 kwa kuhofia kuwaudhi Wamarekani.

Kisha akaja mwongozaji Teshigahara Hiroshi, mtoto wa bingwa wa sanaa ya kupanga maua. Kati ya 1962 na 1968 wawili hawa walitoa filamu ndefu nne, na zote aliziandika Abe mwenyewe. Hapa ndipo alipotofautiana na wenzake wengi, ambao wakishauza haki za kitabu huwaachia wengine wakichinje watakavyo.

Iliyovuma zaidi ni *Suna no Onna*, yaani Mwanamke wa Mchangani, riwaya ya 1962 iliyogeuzwa filamu mwaka 1964. Mwalimu mmoja anakwenda pwani kutafuta mbawakawa. Wanakijiji wanamlaza kwa mjane anayeishi ndani ya shimo la mchanga. Kunapokucha, ngazi ya kamba haipo. Tangu hapo kazi yake ni kuzoa mchanga usiku kucha, la sivyo nyumba itafukiwa.

Tazama Abe alivyokipindua kisa chake. Kitabuni, msomaji anaambiwa tangu mwanzo kwamba mtu huyu alitoweka na baada ya miaka 7 akahesabiwa amekufa. Katika filamu, hati ya kupotea kwake inakuja mwishoni kabisa, wakati ngazi imeshaachwa ikining'inia naye hana haraka ya kupanda. Mtazamaji anatumaini pamoja na mfungwa, kisha anashangaa tumaini lilipohamia. Kwa maoni yangu, mpangilio wa filamu unaushinda wa kitabu.

Cannes iliipa tuzo maalumu ya majaji, na Teshigahara akawa Mwasia wa kwanza kuteuliwa kuwania Oscar ya uongozaji. Filamu ya nne, yenye rangi, haikufikia hapo. Baadaye Abe aligeukia jukwaa na kuunda kikundi chake cha maigizo mwaka 1973.

Alifariki Januari 1993. Alikuwa miongoni mwa waandishi wa kwanza wa Japani kuiacha kalamu na kuandikia mashine, na riwaya yake ya mwisho, ambayo hakuimaliza, ilikutwa ndani ya disketi.